Mama bado anauliza ni gari gani lililomuua mwanawe

Shikamoo Shangazi,

Mimi ni mwalimu, naishi Moshi mjini, kwetu ni Kibosho. Tulizaliwa wanne, sasa tumebaki watatu. Kitinda mimba wetu alishinda ile bahati nasibu ya viza ya Marekani akiwa na miaka 23. Kule alifanya kazi za ghala na za kutunza wazee, kisha siku moja akatuambia ameingia jeshini. Mama alilia sana. Baadaye akazoea, hata picha ya mwanawe akiwa na magwanda akaitundika sebuleni karibu na ya marehemu baba. Mdogo wangu alipata uraia akiwa hukohuko jeshini, akaoa binti wa Kikenya ambaye ni muuguzi.

Mwaka jana mwezi wa tisa, Jumamosi alfajiri, wifi alinipigia simu. Yeye anaishi jimbo jingine kwa sababu ya kazi, mdogo wangu alikuwa analala kambini, huko majimbo ya kusini. Alisema maofisa wawili wamefika mlangoni kwake na kumwambia mumewe amefariki, na inaonekana amejitoa uhai chumbani mwake. Nilimwambia arudie. Akarudia.

Tangu baba afariki, baba mkubwa ndiye msemaji wetu. Aliposikia alisema neno hilo halitaingia kihambani mwa ukoo wetu, na mama ana presha, litamuua. Asubuhi ileile akaamua tuseme ni ajali ya gari la jeshi mazoezini. Ndivyo mama alivyoambiwa, ndivyo padre alivyoambiwa, na ndivyo wasifu wa marehemu ulivyosomwa mbele ya watu. Tunaojua ni mimi, kaka zangu wawili, baba mkubwa na wifi.

Mwili uliletwa kupitia uwanja wa ndege wa KIA baada ya wiki kama mbili. Usiku wa kuamkia mazishi, mimi na kaka mkubwa tulifungua jeneza. Shangazi, mtoto alikuwa ameshonwa kutoka mabegani mpaka chini ya tumbo. Usoni amepakwa kitu, si rangi yake. Kaka akasema hapohapo kwamba wamemuua na viungo wamechukua.

Tangu usiku ule nina daftari. Cheti kilichokuja na mwili kinasema alikufa Ijumaa, lakini Ijumaa saa nne usiku mimi nilimwona yuko hewani WhatsApp. Kwenye sababu ya kifo wameandika kwamba inasubiri uchunguzi. Sasa wifi aliambiwaje siku ileile kuwa amejiua? Alikuwa amekata tiketi ya kuja Desemba. Wiki moja kabla alituma hela ya bati za nyumba ya mama na kuniagiza rangi. Simu yake, kompyuta yake na kitabu alichokuwa akiandikia mambo yake havijarudi. Na kijana mmoja wa Ghana waliyekuwa naye kikosi kimoja aliniandikia Facebook: "Mdogo wako alikuwa na shida kubwa na mkubwa wake. Waulizeni." Nilipomjibu sikupata neno tena, na sasa simwoni kabisa.

Kaka anaamini wameandika kujiua ili wasilipe fidia. Baba mkubwa anaamini wifi ameshalipwa mamilioni ya dola na anajua zaidi ya anayosema. Alimpigia akamwambia maneno nisiyoweza kuyaandika, na tangu hapo wifi hapokei simu ya mtu yeyote kwetu. Kuna mtu mtandaoni anasema ni wakili, ameahidi kulishtaki jeshi tulipwe, ila anataka dola 3,000 kwanza. Kaka ameanza kuzungumzia kuuza kipande cha shamba. Anasema pia tufukue mwili upimwe upya.

Na mama, Shangazi. Kila nikienda ananiuliza: gari gani? Nani alikuwa anaendesha? Na aliyekuwa anaendesha naye alikufa? Kama alikufa, mbona mama yake hajanipigia tukapeana pole? Mimi naosha vyombo nikijifanya sijasikia.

Baba mkubwa anasema tumwache marehemu apumzike. Niendelee au niache? Mtu wa Moshi anaanzia wapi kuliuliza jeshi la Marekani? Na mama nimwambie nini?

Dada wa marehemu, Moshi

*

Marahaba mwanangu. Pole sana, na mpe pole kaka yako, maana aliyoyaona usiku ule angestahili kuelezwa na daktari kabla ya kuyaona.

Nianzie hapo kwenye jeneza. Mshono unaotoka mabega yote mawili, ukakutana kifuani na kushuka tumboni, ndivyo mwili unavyoshonwa baada ya uchunguzi wa daktari wa maiti, iwe Dar es Salaam au Marekani. Mwanajeshi akifa ghafla nje ya vita, uchunguzi huo hufanywa na madaktari wa jeshi, ambao makao yao ni Dover, jimbo la Delaware, au na mchunguzi wa vifo wa eneo alikofia. Rangi ya usoni ni dawa za kuhifadhi maiti na vipodozi vya watu wa mazishi. Viungo hutolewa, hupimwa, na ripoti huandika kilichopimwa na kama kuna sampuli iliyobaki maabara. Kwa hiyo mshono wenyewe haukwambii kama aliuawa au alijiua. Unakwambia tu kwamba ipo ripoti, imeandikwa na kusainiwa, na nyinyi hamjaisoma.

Halafu Ijumaa na Jumamosi. Mwezi wa tisa majimbo ya kusini yako nyuma yetu kwa saa saba au nane. Saa nne usiku kwako ilikuwa mchana kwake, saa nane au saa tisa. Wifi alipokupigia alfajiri ya Jumamosi yetu, kwake bado ilikuwa Ijumaa usiku. Hapo hakuna mkanganyiko, ila umepata kitu cha maana: mchana ule alikuwa hai na simu iko mkononi. Andika hivyo kwenye daftari badala ya ulivyoandika.

Cheti nacho kina maelezo. Cheti cha kwanza mara nyingi hutoka kabla vipimo vya damu na maabara havijakamilika, ndiyo maana huandikwa kwamba sababu inasubiri uchunguzi. Vipimo vikikamilika hutolewa kingine kilichorekebishwa. Miezi minane imepita na nyinyi mnabishana juu ya karatasi ambayo huenda imeshabadilishwa. Lakini swali lako la pili hapo ni zuri: waliofika mlangoni kwa wifi walitamka kujiua kwa msingi gani, saa chache tu baada ya kifo? Hilo libaki daftarini.

Nadharia ya kaka kuhusu fidia haisimami. Bima ya maisha ya wanajeshi wa Marekani, SGLI, ambayo tangu Machi 2023 kiwango chake cha juu ni dola 500,000, hulipwa hata aliyekufa akiwa amejitoa uhai. Ile pesa ya rambirambi ya serikali, dola 100,000, nayo haiangalii hilo. Jeshi lisingeokoa pesa hizo kwa kuandika kujiua. Na bima humfuata mtu ambaye marehemu mwenyewe alimwandika. Kama alimwandika mkewe, hakuna alichoibiwa mtu wa Kibosho. Kama mama yako hana kipato, muulizeni ofisa anayehudumia familia kuhusu malipo ya kila mwezi kwa wazazi wa wanajeshi waliofariki kazini. Yapo, na huangalia kipato cha mzazi.

Tiketi ya Desemba na bati za mama ni jambo gumu, na hapa naomba usinielewe vibaya. Wewe unayaona kama ushahidi kwamba hakujiua. Mimi nimeshazungumza na familia kadhaa zilizopoteza mtu kwa njia hiyo, na mara nyingi marehemu aliacha mipango mezani: ada imelipwa, harusi ya mdogo wake imechangiwa. Mtu anaweza kuipanga Desemba kwa moyo wote na bado akazidiwa na saa moja mbaya. Mwaka 2023 pekee wizara ya ulinzi ya Marekani yenyewe ilihesabu wanajeshi 523 waliojitoa uhai, wakiwemo wa akiba. Tiketi haithibitishi kwamba alijiua wala kwamba hakujiua. Inathibitisha kwamba alitaka kuwaona, na hilo ni lenu, halihitaji uchunguzi.

Sasa yaliyobaki daftarini baada ya kupunguza hayo yote: ujumbe wa kijana wa Ghana, simu na kompyuta na kitabu, na hayo maneno ya haraka mlangoni. Machache, lakini mazito. Simu na kompyuta huenda ziko kwa wapelelezi wa jinai wa jeshi, wanaojulikana kwa kifupi CID, kwani vifo vya namna hii wao ndio huvipeleleza, na vielelezo hukaa kwao mpaka jalada lifungwe. Vitu vingine huorodheshwa na ofisa anayeteuliwa kwa kazi hiyo, na orodha hiyo hutolewa. Kama kitabu hakimo kwenye orodha na hakipo kwa wapelelezi, hapo ndipo mna swali linalostahili barua. Kijana wa Ghana usimfuatefuate. Huenda ameambiwa asizungumze wakati uchunguzi unaendelea, huenda anamwogopa huyohuyo mkubwa wake. Piga picha ya ujumbe wake, uhifadhi penye usalama, na usiutume kwenye kundi la WhatsApp la ukoo hata kidogo.

Umeniuliza uendelee au uache. Endelea. Nasema hivyo kwa sababu majeshi yameshawahi kusema uongo, na waliogundua ni ndugu wa marehemu.

Pat Tillman alikuwa mchezaji wa soka la Kimarekani, aliacha mkataba wa mamilioni ya dola akaenda jeshini. Alikufa Afghanistan tarehe 22 Aprili 2004. Familia iliambiwa ameuawa na adui, akapewa nishani, na Mei 3 ibada ya kumuaga ikaonyeshwa kwenye televisheni nchi nzima. Kumbe alipigwa risasi na wenzake kwa makosa. Tarehe 29 Aprili, siku chache kabla ya ibada hiyo, jenerali mmoja alikuwa ameshawaandikia wakubwa zake kuwaonya kwamba huenda ni wenzake waliomuua. Mdogo wake alikuwa kikosi hichohicho na hakuambiwa. Wazazi waliambiwa mwishoni mwa Mei. Mama yake, mwalimu kama wewe, alikaa na maelfu ya kurasa ambazo majina yamefutwa kwa wino mweusi, akazisoma mpaka akaanza kumtambua nani ni nani kwa urefu wa nafasi zilizofutwa. Mwaka 2007 mambo yakafika Bungeni kwao.

Na Vanessa Guillén, askari wa miaka 20, alitoweka kambi ya Fort Hood, Texas, tarehe 22 Aprili 2020. Dada zake walipiga kelele getini na mitandaoni kwa miezi miwili mpaka mabaki yake yakapatikana mwishoni mwa Juni. Aliuawa na askari mwenzake. Desemba mwaka huo makamanda na viongozi 14 wa kambi ile waliondolewa au kusimamishwa. Dada wa marehemu si mtu mdogo, mwanangu.

Lakini nisikupe hizo mbili nikaishia hapo, nitakuwa nakudanganya kwa kuchagua. Cheryl James alikuwa na miaka 18 alipokufa kwa risasi kambi ya Deepcut, Uingereza, Novemba 1995. Uchunguzi wa kwanza wa kifo chake mahakamani ulichukua kama saa moja tu. Wazazi wake walihangaika miaka ishirini, wakapata nyaraka, wakapata uchunguzi mpya, mwili ukafukuliwa. Juni 2016 msimamizi wa uchunguzi akatoa uamuzi: alijiua. Baada ya yote yale. Ila safari hii ilisemwa wazi mahakamani namna kambi ile ilivyowaacha vijana bila uangalizi, jambo ambalo ile saa moja ya mwaka 1995 haikuligusa.

Kwa hiyo kabla hujaandika barua hata moja, kaa na kaka zako mjibu hili: karatasi zikija na zikasema alijiua, na zikaonyesha vizuri kwamba alijiua, mtazikubali? Kama jibu ni hapana, basi mnatafuta mtu wa kumshika, na hilo sitakusaidia. Kama jibu ni ndiyo, mna haki ya kila ukurasa. Na kumbuka "alijiua" haifungi mlango. Kama kulikuwa na mkubwa aliyemtesa, au aliomba msaada akapuuzwa, hayo nayo hupelelezwa na huandikwa.

Njia ya kwanza ni wifi yako. Najua hukutaka kusikia hivyo. Kwa taratibu za jeshi la Marekani mke ndiye ndugu wa kwanza, anakuja kabla ya wazazi. Kuna fomu iitwayo DD 93 ambayo mwanajeshi hujaza mwenyewe kutaja wa kuarifiwa na wa kuamua kuhusu mwili wake. Ofisa wa kuhudumia familia hupewa mke, na mara nyingi wazazi nao hupewa wao wakiomba. Mke ndiye atakayepewa ripoti ya daktari kwa urahisi kuliko mtu yeyote wa Kibosho. Na yeye anakaa kule, ana mbunge wa eneo lake. Ofisi ya mbunge ikiliandikia jeshi kuuliza jalada limefikia wapi, jeshi hujibu. Ni njia ya kawaida kabisa kwao, haina malipo, inahitaji tu saini ya mke kuruhusu.

Mwanamke huyo aligongewa mlango na watu wawili wenye magwanda, akiwa peke yake, akapiga simu kwa wakwe usiku uleule, akakubali mumewe azikwe Kibosho badala ya kule ambako angeweza kwenda kaburini kila Jumapili. Shukrani aliyopewa ni matusi ya baba mkubwa. Mimi nisingepokea simu pia. Mwandikie wewe, mwanamke kwa mwanamke. Usimwulize chochote kwenye barua ya kwanza. Mwombe radhi kwa niaba ya familia, mweleze kaburi likoje, mtumie picha ya nyumba ya mama yenye zile bati. Barua ya pili ndiyo iulize.

Njia nyingine ni yako mwenyewe. Marekani wana sheria ya uhuru wa habari, FOIA, na mtu yeyote duniani anaweza kuitumia, hata asiye raia. Unaomba kwa maandishi, kwa barua pepe au kwenye tovuti yao. Taja jina lake kamili, cheo, kikosi, tarehe na mahali alipofia, na uambatishe uthibitisho wa undugu. Omba ripoti ya mwisho ya CID pamoja na maelezo ya mashahidi na vielelezo, ripoti ya daktari na ya vipimo vya maabara, uchunguzi wa kiutawala wa kikosi kama ulifanyika, na orodha ya mali zake. Sheria inataja siku 20 za kazi. Uhalisia ni miezi. Jalada likiwa bado wazi watakunyima, basi uliza kama limefungwa na lini. Majina ya watu yatafutwa. Wakikunyima una haki ya kukata rufaa, na barua yao yenyewe itaeleza namna. Ujumbe wa kijana wa Ghana uutaje bila kumtaja jina: sema familia imearifiwa kwamba marehemu alikuwa na mgogoro na mkubwa wake, na inaomba kujua kama jambo hilo lilichunguzwa. Wakikwepa, yupo Mkaguzi Mkuu wa wizara yao ya ulinzi, anapokea malalamiko.

Picha za uchunguzi wa mwili ziombe peke yake, na zikija usizifungue. Wala kaka asizifungue, ameshaona ya kutosha. Zipelekeni pamoja na ripoti kwa daktari wa patholojia, hospitali ya KCMC mnayo palepale, awasomee kwa lugha mnayoielewa. Habari ya kufukua isubiri. Inahitaji kibali, na mama atajua siku hiyohiyo. Hakuna daktari makini atakayetaka mwili kabla ya kusoma ripoti ya kwanza.

Huyo anayetaka dola 3,000 mfungieni. Tangu mwaka 1950 Mahakama ya Juu ya Marekani ilishaamua kwamba serikali haishtakiwi kwa madhara yanayompata mwanajeshi akiwa katika utumishi wake. Wanaita kanuni ya Feres. Imetobolewa kidogo upande wa makosa ya matibabu, lakini wakili wa kweli wa mambo hayo angekutajia kanuni hiyo kabla ya kukutajia bei. Msiuze shamba. Kuna shirika la familia za wanajeshi waliofariki, TAPS, lilianzishwa 1994, linahudumia mke, wazazi na ndugu bila malipo na bila kujali sababu ya kifo, waliojitoa uhai wakiwemo. Kiingereza chako cha ualimu kinatosha kuwaandikia.

Utasema ni kazi nyingi. Ni nyingi. Lakini fikiria majirani zetu Wakenya ambao vijana wao walikuwa kambi ya El Adde, Somalia, iliposhambuliwa 15 Januari 2016. Miili mingine ilitambuliwa kwa vipimo vya DNA, na kwa miaka serikali yao haikutoa hata idadi kamili ya waliokufa. Wewe una mwili, una cheti, na una sheria inayolazimisha ujibiwe. Itumie.

Sasa mama. Nimeisoma sehemu hiyo ya barua yako mara nyingi kuliko nyingine zote. Gari gani, nani alikuwa anaendesha, mbona mama wa dereva hajapiga simu. Mwanangu, huyo naye ni mzazi anayehoji maelezo rasmi ya kifo cha askari. Anayapima, anayaona hayakai sawa, anauliza maswali ya akili kabisa, na ofisa aliyetumwa kumjibu anaosha vyombo. Wakubwa wa Tillman nao walikuwa na sababu yao nzuri, walitaka familia iwe na shujaa. Baba mkubwa ametaka ukoo uwe na ajali. Utawaandikiaje watu wa Marekani kudai ukweli wote wakati nyumbani kwenu mnamnyima mwenye mtoto?

Presha yake isiwe kisingizio, ila iwe sababu ya kupanga vizuri. Apimwe siku mbili tatu kabla, dawa ziwepo, na awepo mtu anayemwamini. Mkamwambie watoto wake watatu, asubuhi, si usiku. Msimwambie "alijiua" kama kwamba mmethibitisha, maana hamjathibitisha, na msimwambie "aliuawa" kwa sababu hiyohiyo. Mwambie: jeshi linasema alijitoa uhai, sisi hatujaona ripoti, tumeiomba, na habari ya gari tuliitunga kwa kuogopa. Atakasirika. Atawakasirikia nyinyi kabla ya Wamarekani, na mkubali. Kisha mwulizeni yeye mwanawe alimwambia nini kwenye simu miezi ile ya mwisho. Mama huwa anaambiwa vitu ambavyo dada haambiwi, na hakuna aliyemuuliza kwa sababu wote mlikuwa mnamkimbia.

Hofu ya kanisa itoe moyoni. Sheria ya Kanisa ya zamani, ya 1917, iliwanyima mazishi waliojiua kwa kukusudia. Ya 1983 imeliondoa katazo hilo. Mazishi ya mdogo wako ni halali vyovyote ripoti itakavyosema. Padre naye mwambieni, na mkimwomba aje siku ya kuzungumza na mama sidhani kama atakataa.

Fanyeni hivyo kabla ya Desemba, kabla watu hawajapanda kuja nyumbani na mjukuu mmoja mwenye simu hajamsomea bibi asichopaswa kusomewa hivyo. Baba mkubwa mpelekee taarifa siku moja kabla. Mwende na kaka zako wote wawili, mkae, mumwamkie, mumweleze mlivyoamua. Akiuliza nani amewaruhusu, mwambieni mama anauliza gari gani, na nyinyi hamna gari la kumpa.